Ukomunisti wa kimapinduzi na madaraka: chama kilipandaje juu ya dola, na Azimio la Arusha linaingia wapi?

Mwanamdahalo_Majengo

Shikamooni wakubwa, na wenzangu mambo vipi.

Mwezi ujao kuna mdahalo wa vyuo hapa Moshi na upande wangu umepewa kutetea hoja hii: "Ukomunisti wa kimapinduzi ndio uliozaa utawala wa chama kimoja, na Tanzania haikupona." Dakika saba tu.

Ninapokwama ni hapa. Engels aliandika kwamba mwisho wa safari dola yenyewe itanyauka. Halafu kila nchi waliyoishika wafuasi wao, dola ikanenepa na chama kikakaa juu yake. Sitaki jibu la "binadamu ni mbinafsi", hilo hata kijiweni lipo. Nataka hatua: wazo gani, nani aliliweka, mwaka gani, likageukaje kuwa amri. La pili, Azimio la Arusha, lile tamko la ujamaa la 1967, ni ukomunisti au siyo? Upande wa pili wana mtu anayelijua neno kwa neno, nikiropoka ataniumbua.

---

Babu_wa_Ngarenaro

Marahaba kijana.

Futa kwanza sentensi yoyote inayosema Marx alibuni chama kimoja. Ilani ya Kikomunisti ya 1848, ya Marx na Engels, ina hatua kumi katika sura ya pili: ardhi iwe mali ya umma, kodi ya mapato ipande kadiri mtu anavyopata zaidi, urithi ufutwe, mikopo yote ipite benki moja ya taifa, usafiri na mawasiliano yashikwe na dola, watoto wote wasome bure, na nyingine za namna hiyo. Karibu zote ni za uchumi. Nani atakaa ofisini na atatolewaje, humo huoni.

Alipogusa utawala ilikuwa 1871, wafanyakazi wa Paris walipoushika mji siku 72, tangu 18 Machi hadi 28 Mei. Alichokisifu ni vitu vya kushikika: wajumbe wanachaguliwa kata kwa kata na wapiga kura wanaweza kuwarudisha nyumbani wakati wowote, mshahara wa kiongozi haupiti wa fundi, jeshi la kudumu linavunjwa na raia wenyewe wanabeba silaha. Na mle ndani hapakuwa na chama kimoja. Wafuasi wa Blanqui na wa Proudhon, Wafaransa wawili wenye misimamo tofauti, walikaa ukumbi mmoja wakigombana.

Maneno "udikteta wa makabwela" yapo, aliyaandika katika barua ya 1852 na tena 1875. Kwake yeye anayetawala ni tabaka zima. Ila tabaka halina saini wala muhuri. Lazima mtu fulani asaini kwa niaba yake, na mlango huo Marx aliuacha wazi. Aliyeupita ni Lenin.

Hoja ya Lenin ya 1902 ni hii: wafanyakazi wakiachwa peke yao watafika kudai mshahara na saa za kazi, basi. Kuona mfumo mzima na kutaka kuuangusha ni elimu inayoletwa kwao kutoka nje, na wa kuileta ni kundi dogo la watu ambao mapinduzi ndiyo kazi yao ya kila siku. Usimhukumu haraka. Urusi ya wakati ule haikuwa na chama halali hata kimoja, na polisi wa siri walikuwa wamejipenyeza kila kikundi. Chama cha wazi kingekamatwa chote kwa usiku mmoja.

Mwaka 1903, katika mkutano mkuu wa chama cha wasoshalisti wa Urusi ulioanzia Brussels ukamalizikia London, waligombea sentensi moja ya katiba ya chama. Martov, mwenzake Lenin chamani, alitaka mwanachama awe yeyote anayekisaidia chama chini ya uongozi wa mojawapo ya vyombo vyake. Lenin alitaka mwanachama awe ndani ya chombo, anashiriki mwenyewe. Kura hiyo Martov alishinda, 28 kwa 22. Baadaye wajumbe saba wakasusa na kutoka, Lenin akapata wingi kwenye uchaguzi wa bodi ya gazeti la chama, na jina la Bolsheviki, yaani "wale wa wengi", likaganda hapo. Jina lilitokana na watu kutoka ukumbini, jambo ambalo huwa halisemwi kwenye vitabu vya sifa.

Sentensi ile ndiyo mzizi. Chama cha Martov ni kama chama cha msingi cha ushirika: unalipa kiingilio, unaleta kahawa yako, umekuwa mwenzetu. Cha Lenin kinakukagua kwanza, kinakupa kazi, kisha kinakudai taarifa.

Juu yake kukawekwa kanuni ya 1906: uhuru wa kujadili, umoja wa kutenda. Angalia kwamba ina miguu miwili, na hadi 1917 yote miwili ilitembea. Oktoba ile Zinoviev na Kamenev, vigogo wawili wa chama, walipinga kunyakua madaraka, tena wakatoa upinzani wao gazetini kabla ya siku yenyewe. Lenin alitaka wafukuzwe. Kamati Kuu haikuwafukuza. Sasa swali lako liulize hivi: mguu wa kwanza ulikatwa lini?

---

Kahawa_Chungu

Naendelea alipoishia Babu, maana hapo ndipo kwenye nyama.

Mguu ulikatwa Machi 1921, katika Mkutano Mkuu wa Kumi. Ila kabla yake kuna Januari 1918. Bunge la Katiba lilikuwa limechaguliwa Novemba 1917. Bolsheviki walipata kama robo ya kura, na Wasoshalisti wa Kimapinduzi, waliokuwa na wakulima nyuma yao, waliwaacha mbali. Bunge lilikaa kikao kimoja tu, likafungwa. Hapo vyama vingine vilianza kusukumwa nje, na vita ya wenyewe kwa wenyewe ikamalizia kazi.

Kwa hiyo kufika 1921 ubishi wote wa nchi ulikuwa umebaki sehemu moja tu: ndani ya chama. Machi hiyo mabaharia wa Kronstadt, ambao 1917 walikuwa mstari wa mbele wa mapinduzi, waliasi wakidai mabaraza yachaguliwe upya kwa kura ya siri na vyama vingine vya kijamaa viachwe huru. Mkutano Mkuu ukiwa unaendelea, wajumbe kama 300 walitumwa kwenda kuwapiga. Siku hizo hizo ukapitisha mambo mawili: wakulima waache kunyang'anywa nafaka na badala yake watoe kodi, na makundi ndani ya chama yapigwe marufuku. Wakalegeza uchumi, wakakaza siasa. Azimio la makundi lilikuwa na kifungu cha saba kilichofichwa: Kamati Kuu inaweza kumtoa mjumbe wake yenyewe kwa theluthi mbili ya kura. Kilikuja kutangazwa 1924. Walikiona ni dawa ya dharura. Hakikuondolewa.

Sasa mashine yenyewe. Aprili 1922 Stalin anakuwa Katibu Mkuu. Cheo hicho wengi walikiona cha makaratasi: kupanga ajenda, kuhamisha watumishi. Kuanzia 1923 kukatengenezwa orodha za vyeo, ndiyo nomenklatura, zinazosema cheo gani nchini hakijazwi bila idhini ya ofisi gani ya chama. Meneja wa kiwanda, mhariri wa gazeti, mkuu wa chuo, wote wamo. Mzunguko ukawa hivi:

1. Sekretarieti "inapendekeza" katibu wa chama wa mkoa. Kikatiba anachaguliwa na mkoa, ila jina limekuja na treni kutoka Moscow.
2. Katibu wa mkoa anapanga wajumbe wa kwenda mkutano mkuu.
3. Wajumbe hao wanachagua Kamati Kuu.
4. Kamati Kuu inamthibitisha Katibu Mkuu, ambaye ndiye mwenye Sekretarieti.

Unarudi namba moja. Hakuna kifungu kilichovunjwa. Kura zimepigwa, mikono imenyooshwa, kumbukumbu zimeandikwa. Anayetaka kupinga ataanzia wapi? Akikusanya watu wa mikoa miwili kuandika waraka, tayari ni "kundi", na kundi limekatazwa tangu 1921. Akinyamaza, mzunguko unamla. Trotsky, mpinzani wa Stalin, alikuwa na jeshi, jina na kalamu, na bado alishindwa na mtu mwenye faili za watumishi.

Lenin alipofariki Januari 1924, chama kiliingiza wanachama wapya zaidi ya 200,000 ndani ya miezi michache. Watu hawa hawakupitia gerezani wala uhamishoni kama wazee. Kadi, kazi na nyumba walivipata kwa katibu, na kura zao zilikwenda kwa katibu.

Wazo la 1902 linaingiaje hapo? Linaipa mashine kinga. Kama chama ndicho kinachojua sayansi ya historia kwa niaba ya tabaka, anayepinga hana maoni tofauti, ana kosa. Kosa likirudiwa ni upotofu. Upotofu una chanzo, na chanzo ni tabaka adui. Ngazi hiyo ilichukua miaka kama 15 kupandwa: 1921 unakaripiwa, 1927 unafukuzwa chama, 1937 unapigwa risasi. Mkutano Mkuu wa 1934 uliitwa wa washindi. Kati ya wajumbe wake 1,966, baadaye walikamatwa 1,108, na katika wajumbe 139 wa Kamati Kuu, wa kamili na wa akiba, 98 walikamatwa na kuuawa. Takwimu hizo alizitoa Khrushchev, aliyeshika chama baada ya Stalin, mwaka 1956, mbele ya chama hicho hicho.

China walibadili vipuri viwili. Mao aliweka mkulima mahali pa mfanyakazi wa kiwandani, na kwa kuwa mkulima yuko kijijini mbali na mji, chombo cha kumfikia kikawa jeshi. Maneno yake ya 1927 kwamba madaraka hutoka kwenye mtutu wa bunduki wengi wanayajua. Ya 1938 wanayasahau: chama kiiamuru bunduki, bunduki isikiamuru chama kamwe. Ndiyo maana mpaka leo jeshi la kule ni la chama, na aliye mwenyekiti wa kamisheni yake ya kijeshi ndiye mwenye nchi, cheo kingine awe nacho au asiwe nacho.

---

Meku_wa_Kiboriloni

Kumbe "wajumbe si watu wazuri" ni msemo wa huku tu. Moscow ya 1934 wajumbe ndio walioliwa.

---

Mwanamdahalo_Majengo

Asanteni sana, mzunguko wa Kahawa_Chungu nauchora ubaoni kama ulivyo.

Sasa TANU, chama chetu tawala cha wakati ule. Nyumba kumi kumi, matawi kazini na jeshini, chama kushika hatamu, "zidumu fikra sahihi za mwenyekiti", watu kuitana ndugu kama wenzao walivyoitana komredi. Hii si mashine ile ile iliyopakwa rangi ya kijani?

---

Mama_Njoro

Mwanangu, ukisema hivyo mbele ya mtu anayejua tarehe umekwisha. Chama kimoja kiliwekwa kisheria 1965. Azimio ni 1967. Mtoto hamtangulii mama.

Tena sababu iliyotolewa 1965 haikutoka kwa Lenin. Katika uchaguzi wa 1960 TANU ilichukua viti 70 kati ya 71, na hicho kimoja cha Mbulu kilikwenda kwa mwanachama wa TANU aliyegombea kivyake. Hoja ya Mwalimu Nyerere ikawa: chama kikishakuwa taifa zima, ushindani wa vyama unakuwa mchezo wa kuigiza, basi watu washindane ndani. Ndiyo maana 1965 karibu kila jimbo lilikuwa na wagombea wawili wa chama hicho hicho, mmoja alama ya jembe, mwingine nyumba, na mawaziri wakaanguka. Kwa Wasovieti karatasi ya kura ilikuwa na jina moja.

Msingi wa pili ni tabaka. Kwa Lenin, bila mapambano ya matabaka hakuna mapinduzi. Andiko la Mwalimu la 1962 linaanza na ujamaa kama moyo wa mtu, linaweka mzizi kwenye familia, na methali yake ni "mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe". TANU ilimpokea anayelipa ada na kukubali imani ya chama. Hapo ni chama cha Martov, kama alivyoeleza Babu.

Sasa nikupe yanayofanana, maana yapo, na ukiyaficha mwenzako atayatoa.

La kwanza ni kofia mbili. Tangu 1962 mkuu wa mkoa ndiye pia katibu wa TANU wa mkoa, na wilayani vivyo hivyo. Mtu mmoja anateuliwa kutoka juu, anasimamia serikali na chama. Kwa maoni yangu hili ni kubwa kuliko nyumba kumi, ila halisemwi kwa sababu halina wimbo. Nyumba kumi zenyewe zilikuja katikati ya miaka ya 1960. Balozi alichaguliwa na majirani, akasuluhisha ugomvi wa mbuzi na mipaka, na akapeleka taarifa juu. Alikuwa mzee wa mtaa na pia sikio la chama.

La pili ni jeshi. Baada ya maasi ya Januari 1964 jeshi la kikoloni lilivunjwa, JWTZ ikaundwa Septemba mwaka ule, askari wakaruhusiwa kuwa wanachama na siasa ikafundishwa kambini. Mfumo wa vyama vingi ulipokuja 1992 askari walitolewa kwenye vyama.

La tatu ni chama kuwa juu ya vyombo vyote. Liliingia kwenye katiba 1975, likarithiwa na CCM 1977, likakaa ibara ya 10 ya Katiba. Ukifungua Katiba leo, ibara ya 10 imeandikwa kwamba imefutwa na sheria namba 4 ya 1992. Wasovieti walikuwa na ibara ya 6 ya mwaka huo huo wa 1977, nao wakaiondoa Machi 1990.

Azimio lenyewe lilijadiliwa na Halmashauri Kuu ya TANU hapo Arusha 26 hadi 29 Januari 1967, likatangazwa 5 Februari. Kesho yake benki zikataifishwa. Orodha yake ya njia kuu za uchumi ni ardhi, misitu, madini, maji, mafuta na umeme, njia za habari, usafiri, mabenki, bima, biashara ya nje na ya jumla, viwanda vikubwa, mashamba makubwa. Iweke kando ya zile hatua kumi za Ilani utaona mahali zinapogusana, benki na usafiri hasa. Kufuta urithi haimo. Kihamba, yaani shamba la ukoo, cha baba kilibaki cha mtoto. Majumba ya kupangisha yalikuja kuchukuliwa Aprili 1971, yale yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000, yakawa ya Msajili wa Majumba. Ghorofa nyingi za katikati ya miji yetu ziliingia humo.

Usiache Miiko ya Uongozi: kiongozi asiwe na hisa kwenye kampuni, asiwe mkurugenzi wa kampuni ya kibepari, asiwe na mishahara miwili, asiwe na nyumba ya kupangisha. Miiko ilimhesabu kiongozi pamoja na mkewe au mumewe. Watoto na shemeji haikuwataja, na upenyo mtu huuona hata gizani. Chama cha Bolsheviki nacho kilikuwa na kikomo cha mshahara kwa wanachama wake, kikaondolewa kimya kimya 1932. Miiko yetu ililegezwa Zanzibar Februari 1991. Waliokaa kuiondoa, kule na huku, ni wale iliowafunga.

---

Msomaji_wa_Sakina

Mama Njoro umesema vizuri, ila nakupinga pawili.

Kwanza hilo la familia na tabaka. Wengi hudhani Marx angecheka ujamaa wa kijijini. Ni kweli 1852 aliwafananisha wakulima wadogo wa Ufaransa na viazi kwenye gunia: wako pamoja, hawajaungana. Lakini Februari 1881 mwanamapinduzi wa Kirusi, Vera Zasulich, alimwandikia akimuuliza kama kijiji cha Kirusi, chenye ardhi ya pamoja, lazima kwanza kipite ubepari. Marx alihangaika na rasimu kadhaa ndefu, kisha 8 Machi akatuma jibu fupi: uchambuzi wake wa lazima hiyo ulihusu Ulaya Magharibi, na kijiji kile kinaweza kuwa nguzo ya kuzaliwa upya kwa jamii ya Urusi, mradi kiondolewe yanayokisonga. Barua ilikuja kuchapishwa 1924. Kwa hiyo "ujamaa wa Mwalimu haukupitia kiwandani" haitoshi kuuweka mbali na Marx. Unaweka mbali na Lenin wa 1902, basi.

Pili, umesema matabaka kama vile Tanzania nzima ilikubali kwamba hayapo. Abdulrahman Babu, aliyeanzisha Umma Party Zanzibar 1963, alisema wazi kwamba kujenga ujamaa juu ya familia ya zamani ni kuficha tabaka jipya linaloota ofisini. Alikaa kizuizini tangu 1972 hadi 1978, lakini hoja ilishatoka. Na Mwongozo wa TANU wa 1971 uko nusu njia kuelekea kwake: ibara ya 15 inamkataza kiongozi majivuno na uonevu. Wafanyakazi waliichukua ilivyo. Kuanzia 1971 hadi 1973 waligoma, wakawafungia mameneja nje, na kiwanda cha mpira cha Mount Carmel wakakishika na kukiendesha wenyewe. Kiwanda cha mtu binafsi kile. Dola iliyojiita ya wafanyakazi na wakulima ikawaondoa kwa polisi. Paris ndogo kabisa, ukitaka, na hapo unapima: chama kiliposema wafanyakazi washike, kilimaanisha chama kishike kwa niaba yao. Lugha ilikuwa ya Marx, jibu la Kronstadt, bila risasi.

Kwenye vijiji vya ujamaa ndiko kosa la mashine linaonekana vizuri zaidi. Maandishi ya 1967 yalitaka watu wajiunge kwa hiari. Novemba 1973 ikawa amri, na mwisho ukawekwa 1976. Ofisa wa wilaya hakupimwa kwa gunia la mahindi. Alipimwa kwa hesabu ya kaya zilizohamia. Basi alifanya kinachopimika: kaya zikapangwa kando ya barabara, ambako lori linafika na mgeni anaona. Maji yako mbali, shamba la zamani liko mbali zaidi, mbolea ya zizi haibebeki hadi huko. Ukame wa 1973 na 1974 ukakuta watu wako safarini. Miteremko ya Kilimanjaro kwa sehemu kubwa iliponea kwa sababu vihamba vilikuwa vimebanana tayari, hapakuwa na pa kumhamishia mtu. Lakini haikuponea 1976, vyama vikuu vya ushirika vilipovunjwa na kahawa kupelekwa kwenye mamlaka ya zao. KNCU ya 1933, chama kikuu cha ushirika wa kahawa Kilimanjaro, iliyokuwa na wakaguzi wake, maghala yake na wanachama waliojua kumhoji mhasibu, ikafutwa kwa tangazo. Sheria ya kurudisha ushirika ikaja 1982.

Kwa Stalin ulazima wa kuhamia mashamba ya pamoja ulianza 1929 na ukaishia kwenye njaa ya 1932 na 1933 iliyoua mamilioni. Usilinganishe vifo, ni kosa na ni dhuluma kwa pande zote. Linganisha njia ya taarifa: juu inatoka idadi, chini inarudi idadi, na mtu wa katikati hana faida ya kusema hapana.

Mfano wa kulinganisha uko jirani. Februari 1977, mwezi ule ule CCM ilipozaliwa, FRELIMO ya Msumbiji ilijitangaza rasmi chama cha mstari wa mbele cha Kimarx na Kilenin. CCM haikujiita hivyo. FRELIMO ikaliacha jina hilo 1989. Vyama vyote viwili bado viko madarakani.

---

Mama_Njoro

La Mount Carmel nakubali, sikulitaja na lilistahili. La Abdulrahman Babu naongeza tu kwamba alipinga akiwa waziri kabla hajapinga akiwa mfungwa, kwa hiyo ubishi ule ulikuwa ndani ya serikali.

---

Mwanamdahalo_Majengo

Sasa hoja yangu imekufa? Nimetakiwa kutetea "ulizaa".

---

Kahawa_Chungu

Haijafa, ila usiibebe nzima. Kwenye dakika ya kwanza eleza kwamba kwa "ukomunisti wa kimapinduzi" unamaanisha ule wa Lenin wa 1902 hadi 1921, siyo Marx wa 1871. Ukisema hivyo mapema, Paris ya Babu inakuwa shahidi wako: wazo lile lile la uchumi, utawala tofauti, kwa hiyo kilichozaa chama kimoja ni umbo la chama.

Dakika ya pili na ya tatu chora mzunguko wa hatua nne. Taja Machi 1921 na kifungu cha saba, uache. Usiingie Stalin kwa kina, muda utaisha na watu watakumbuka maiti tu.

Tanzania ipe dakika tatu. Kiri mwenyewe kwamba 1965 ilitangulia 1967, usisubiri uambiwe. Kisha sema neno "haikupona" unalisoma hivi: chama kimoja hatukukitoa kwa Lenin, lakini kuanzia Mwongozo wa 1971 hadi katiba ya 1977 tulikivalisha vazi lake, na vazi likakaa hadi 1992. Ushahidi wako ni kofia mbili za mkuu wa mkoa, ibara ya 10 na kuvunjwa kwa ushirika 1976. Jembe na nyumba mwenzako atalileta. Mjibu kwamba wagombea wawili walishindana, lakini majina yalipita Halmashauri Kuu kwanza. Hapo unarudi kwenye hatua ya pili ya mzunguko, na ubao bado una mchoro wako.

Akikuuliza kama hayo yote si historia tu, mtaje Kibaha: chuo cha uongozi chenye jina la Mwalimu, kilichofunguliwa 2022 kwa fedha za chama cha kikomunisti cha China, kwa ajili ya vyama sita vya ukombozi, CCM, ANC, FRELIMO, MPLA, SWAPO na ZANU-PF. Kinachosafirishwa siku hizi ni namna ya kuandaa makada. Kutaifisha benki hakuna anayekufundisha.

Na ukitaka kumshtua, mwambie afungue ibara ya 3 ya Katiba. Bado inasema nchi ni "ya kidemokrasia, ya kijamaa na isiyokuwa na dini", na ndani ya sentensi hiyo hiyo kuna vyama vingi.

---

Babu_wa_Ngarenaro

Kabla ya siku yenyewe panda Coaster uje Arusha. Makumbusho ya Azimio yako Kaloleni, karibu na Mnara wa Mwenge, jengo lile lile walilokaa 1967. Miiko isome mwenyewe, hasa sehemu inayoeleza nani anahesabiwa kuwa kiongozi, maana mwenzako akiwa mjanja atakubana hapo.